Kijana Aliyekaa Kimya Garini

Katika Kitagalog, lugha ya Manila na nchi iliyo jirani nayo, neno "kinatay" maana yake ni "aliyechinjwa". Ni neno la machinjioni, la kusemwa juu ya nguruwe au ng'ombe. Mwaka 2009 mwongozaji wa sinema Brillante Mendoza, mzaliwa wa San Fernando katika jimbo la Pampanga, Ufilipino, alilichukua neno hilo akalifanya kuwa jina la picha yake. Na aliyechinjwa humo si mnyama, ni mwanamke. Picha hiyo ilionyeshwa mwezi wa Mei mwaka huo katika mashindano ya sinema ya Cannes, Ufaransa, na tarehe 24 Mei Mendoza akapewa tuzo ya mwongozaji bora. Hakuna Mfilipino aliyewahi kuipata kabla yake. Lakini siku zile zile mwandishi mashuhuri wa Marekani, Roger Ebert, aliandika kwamba katika historia yote ya mashindano hayo hajapata kuona picha mbaya kuliko hiyo.

Hatuandiki leo ili kuamua ugomvi wa mabwana hao. Mambo ya ufundi wa kamera tuwaachie wenyewe. Sisi tumeichukua picha hii kwa sababu yauliza swali moja ambalo katekisimu nayo huliuliza, na ambalo wazazi wengi hawalizungumzi nyumbani mpaka maji yamekwisha kumwagika: je, mtu aliyekaa kando na kuwatazama wengine wakitenda uovu, naye ana sehemu gani katika uovu huo? Baba na mama mlio na vijana wa miaka ishirini, someni pamoja nasi polepole.

Mambo yote ya picha hii yatendeka katika mchana mmoja na usiku mmoja. Asubuhi twamwona kijana aitwaye Peping, mwanafunzi wa elimu ya jinai, yaani ajitayarisha kuwa polisi. Ana mchumba wake, Cecille, na wamekwisha pata mtoto mchanga. Siku hiyo wamwacha mtoto kwa watu wao, wapanda gari la abiria la kule Manila liitwalo jeepney, waenda mjini kufunga ndoa mbele ya hakimu. Njiani watu wamejazana wakimtazama mtu mmoja aliyepanda juu ya ubao mrefu wa matangazo, ataka kujitupa chini. Watu wa televisheni nao wamekwisha fika. Vijana wetu watazama kidogo, wapita. Arusi ni ya kimaskini, na chakula baada yake ni cha kimaskini, lakini wote wacheka, na jua lawaka.

Msomaji Mkatoliki atauliza mara moja: mbona hawakwenda kanisani, katika nchi ambayo kwa hesabu ya mwaka 2020 watu wapata 79 katika kila 100 ni Wakatoliki? Swali ni halali. Hata hivyo tusikimbilie kusema kwamba hapo ndipo palipoanzia maovu yote yafuatayo. Kijana huyu ampenda mkewe kwa kweli, na picha haituachi tuwe na shaka juu ya hilo. Wako wengi waliofunga ndoa altareni mbele ya padre na wasimamizi, na baadaye wakaingia katika gari lile lile aliloingia Peping.

Baada ya arusi arudi darasani. Mwalimu afundisha habari za makosa ya jinai na jinsi ya kuyachunguza. Peping ana fulana ya chuo chake, nayo imeandikwa maneno juu ya uadilifu, kwamba ukipotea umepotea daima. Mwongozaji haonyeshi maneno hayo kwa kidole. Yapo kifuani tu mwa kijana, kama vile maneno mengi mema yalivyo vifuani mwa vijana wetu siku hizi, katika fulana za chuo na za kwaya. Kuvaa neno si kazi.

Sasa tufike penye kiini cha somo. Peping hana fedha za kutosha kumlisha mke na mtoto. Ana rafiki waliyesoma pamoja, jina lake Abyong, na kwa njia ya rafiki huyo amezoea kupata fedha kidogo za pembeni. Kazi yenyewe ni ndogo: jioni, watu wauzao madawa ya kulevya barabarani hutoa fedha, na vijana hawa huzikusanya na kuzipeleka kwa wakubwa. Peping hauzi dawa. Hatumii dawa. Hajampiga mtu. Yeye hupokea tu na kukabidhi, kisha apewa chake na kwenda nyumbani kununua maziwa ya mtoto.

Hapo ndipo twapaswa kukaa kwa muda mrefu kuliko penye damu. Watazamaji wengi wa picha hii huisahau jioni ile kwa sababu usiku ufuatao watisha mno. Lakini angalieni hesabu ilivyo. Yule wa kukusanya fedha ajua wazi fedha zimetoka wapi na zinakwenda wapi. Amekwisha kubali mambo mawili: kwanza, kwamba uovu ukifanywa na mtu mwingine si wake, pili, kwamba haja ya nyumbani yaosha fedha. Mtu aliyekubali mambo hayo mawili katika fedha ndogo hana tena neno la kujibu atakapoitwa kwenye kazi kubwa. Atajibu nini? Aseme kwamba hawezi kushiriki katika uhalifu? Rafiki yake atacheka, kwa maana ameshiriki tangu zamani.

Na ndivyo inavyokuwa. Usiku huo Abyong amwambia kuna kazi nyingine, yenye malipo mazuri kuliko ya kila siku. Haelezi ni kazi gani, na Peping haulizi. Tafadhali lipigieni mstari jambo hilo la kutouliza. Tumezoea kuwafundisha watoto kwamba kusema uongo ni dhambi, lakini twasahau kuwafundisha kwamba kukataa kujua nako kwaweza kuwa dhambi. Wanafunzi wa elimu ya maadili husema kwamba asiyejua kwa sababu hakutaka kujua hawezi kujitetea kwa ujinga wake. Kijana aliyesoma jinai, aliyekwisha pokea fedha za madawa, aitwa usiku kwenda asikokujua pamoja na watu wanaoogopwa, naye apanda gari bila kuuliza: huyo tayari amechagua.

Gari lenyewe lafanana na yale ya abiria tuyaitayo huku kwetu daladala au matatu. Ndani yumo mkubwa wao aitwaye Kap, yaani kapteni, na wenzake. Nasi twafahamishwa kwamba watu hawa si majambazi wa kawaida, bali ni wenye uhusiano na polisi. Wafika penye baa, wamchukua mwanamke mmoja anayecheza humo na kujiuza mwili. Jina lake ni Madonna. Kosa lake ni kwamba ana deni la fedha za madawa kwa Kap, na hajalipa. Mlango ukishafungwa, kipigo chaanza. Apigwa, afungwa mdomo kwa utepe, alazwa sakafuni chini ya miguu ya watu. Na gari laendelea kwenda nje ya mji.

Neno moja juu ya jina hilo. Mkatoliki alisikiapo "Madonna" amfikiria Mama wa Bwana wetu, maana ndilo jina la heshima Waitaliani walimpalo katika sanamu na picha takatifu. Hatujui kama mtunzi wa hadithi, Armando Lao, alikusudia hivyo, wala si lazima. Lakini ni vigumu kusikia jina hilo likisemwa na wanaume waliomkanyaga mwanamke ndani ya gari bila kukumbuka kwamba kila mwanamke, hata yule ambaye parokia nzima yamnyoshea kidole, ameumbwa kwa mfano wa Mungu. Wanaume wale hawamwiti dada, wala mama. Kwao yeye ni deni.

Safari ile ya garini ni ndefu kupita kiasi. Watazamaji wa Cannes walilalamika: giza, sauti ya injini, taa za magari mengine zikipita, na hakuna jambo jipya. Mimi naona hapo mwongozaji alijua alitendalo. Safari ingalikuwa fupi, tungalimhurumia Peping upesi tukasema kwamba alishtushwa, hakuwa na nafasi ya kufikiri. Mendoza amempa nafasi ya kufikiri, tena amempa nyingi. Dakika baada ya dakika kijana yule aketi, atazama, na sisi twatazama pamoja naye. Macho yake yaonyesha kwamba moyo wake haukubali. Lakini moyo usiokubali, mdomo ukanyamaza na mwili ukabaki umeketi, haukumfaa Madonna kitu chochote.

Wafika nyumba moja mbali na mji. Humo mwanamke yule abakwa, auawa, na mwili wake wakatwa vipande kwa visu visivyo vikali, vipande vikatiwa mifukoni ili vitupwe njiani wakati wa kurudi. Hatutaandika zaidi ya hayo katika gazeti lisomwalo mezani na watoto wakiwapo. Hakuna aliyekuja kuokoa. Alfajiri jiji laamka kama kawaida.

Basi turudi kwenye swali. Peping hakupiga pigo la kifo, wala hakubaka, wala si yeye aliyetoa amri. Ana hatia gani?

Katekisimu ya Kanisa Katoliki, iliyotolewa na Papa Yohane Paulo II mwaka 1992, yalijibu jambo hili katika fungu la 1868. Dhambi ni tendo la mtu mwenyewe, yasema, lakini twawajibika kwa dhambi za wengine tunaposhirikiana nao: kwa kushiriki waziwazi na kwa hiari; kwa kuamuru, kushauri, kusifu au kukubali; kwa kutofichua au kutozuia pale tulipo na wajibu wa kufanya hivyo; na kwa kuwalinda watenda maovu. Wazee wetu waliosoma katekisimu ndogo za zamani watakumbuka orodha waliyokariri, na ya kwamba kunyamaza kulikuwamo ndani yake. Wakati ule tulikariri tu, tukadhani ni mambo ya kujaza kitabu.

Kwa kipimo hicho Peping hawezi kusema kwamba alikuwa abiria. Mtu wa kuongeza idadi garini ni msaada kwa watekaji, maana mwanamke mmoja mbele ya wanaume wengi hukata tamaa upesi kuliko mbele ya wawili. Mtu wa kutumwa dukani ni msaada. Hata uso wake wa kijana asiye na ubaya ni msaada, kwa kuwa yeyote angalichungulia ndani angaliona watu wa kawaida wakisafiri.

Hata hivyo haki yatutaka tutazame na upande wa pili. Katekisimu hiyo hiyo, katika fungu la 1735, yafundisha kwamba hatia yaweza kupungua, au hata kuondoka kabisa, kwa sababu ya ujinga, kutojihadhari, kulazimishwa, woga, mazoea na mambo mengine kama hayo. Peping aliogopa. Na aliogopa kwa sababu ya kweli: wanaume wale walikuwa na silaha, na mtu aliyekwisha ona siri yao hawezi kushuka garini na kuaga. Angalimrukia Kap, pengine wangalipatikana maiti wawili badala ya mmoja, na Cecille angalikuwa mjane siku ile ile ya arusi yake. Sisi tulioketi vitini tusijifanye mashujaa kwa ujasiri wa mtu mwingine. Padre aliyezoea kusikia maungamo angalimwuliza maswali mengi kabla ya kupima uzito wa saa zile za chumbani.

Ndiyo maana picha hii, kwa kuwa ni ya kweli, haikumfungia Peping ndani ya chumba usiku kucha. Kuna wakati atumwa nje. Yuko peke yake barabarani. Mbele yake kuna basi la abiria. Aweza kupanda na kwenda zake. Hapa hakuna bastola mgongoni. Angalipanda, asingalimwokoa mwanamke labda, lakini angalitoka katika hesabu ya watu wale, na mdomo wake ungalikuwa huru. Asitasita. Kisha arudi.

Kwa nini arudi? Wengine husema ni woga tu, kwamba wangalimtafuta. Yawezekana. Mimi nadhani woga si sababu pekee, na pengine si ya kwanza. Alirudi kwa sababu alikuwa amezoea kurudi. Kila jioni alirudi na fedha alizokusanya. Ndiyo tabia aliyojifundisha. Saa ya jaribu kubwa mtu haanzi kuwaza upya tangu mwanzo. Hufanya lile ambalo mikono na miguu yake imelizoea. Wazazi, kama mngetaka kumwokoa Peping mbele ya basi lile, mngechelewa. Nafasi yenu ilikuwa siku aliyoleta nyumbani fedha ya kwanza isiyojulikana ilikotoka, nanyi mkafurahi, wala hamkuuliza.

Lakini wako watakaosema: "Ninyi mwaongea kwa kuwa mmeshiba. Mtu mwenye mtoto mchanga na mfuko mtupu afanye nini?" Neno hili si la kudharauliwa, na Wafilipino wenyewe wamelichunguza katika sinema kabla ya Mendoza. Mwaka 1984 mwongozaji Lino Brocka alitoa picha iitwayo Bayan Ko, yaani "Nchi Yangu", nayo pia ilishindana Cannes. Humo mna mfanyakazi wa kiwanda cha kuchapa, Turing, ambaye mke wake ni mjamzito. Ili apate mkopo kwa mwenye kiwanda, aahidi kutoingia katika chama cha wafanyakazi. Wenzake wanapogoma, akosa upande wa kusimama. Mtoto azaliwa, na hospitali yawazuia mama na mtoto mpaka gharama ilipwe. Turing aingia pamoja na wanyang'anyi katika nyumba ya tajiri wake, na wanyang'anyi wakizungukwa na polisi, watu wa nyumba ile wawa mateka. Mwisho wake ni mauti.

Jina kamili la picha hiyo lina maneno yatokayo katika methali ya Kitagalog isemayo kwamba mtu aliyebanwa hushika hata makali ya kisu. Sisi Waswahili twasema mfa maji hushika maji. Methali ni mbili, maarifa ni moja. Lakini ziwekeni picha hizo mbili pamoja muone tofauti. Turing amebanwa kweli: mke na mtoto wamezuiliwa, amekopa, ameomba, milango imefungwa mmoja baada ya mwingine. Hatuwezi kulihesabia haki tendo lake, ila twaelewa jinsi alivyofikishwa pale, na lawama nyingine yaenda kwa waliofunga milango. Peping hakubanwa hivyo. Ni maskini kama maelfu ya majirani zake ambao asubuhi ile walikuwa wakiuza samaki na kuendesha magari. Alilotafuta usiku ule ni nyongeza. Kati ya mtu azamaye na mtu atakaye nyongeza kuna umbali mkubwa, na neno "kwa ajili ya mtoto" hutumiwa na wote wawili. Tukiwaungamisha vijana wetu hapa mezani, si lazima kwa padre, tuwafundishe kupima neno hilo kwa ukali.

Msomaji asidhani kwamba hadithi ya watekaji wenye uhusiano na polisi ni ndoto ya watunzi. Katika miaka ya 1990 familia za Kifilipino zenye asili ya Kichina ziliishi kwa hofu ya kutekwa ili walipe fidia, hata wakaandamana hadharani. Mwaka 1993 serikali ilirudisha adhabu ya kifo kwa makosa makubwa, na utekaji wa kudai fidia ukiwamo. Adhabu hiyo ikafutwa tena mwaka 2006. Kisha, mwezi wa Oktoba 2016, mfanyabiashara raia wa Korea Kusini alichukuliwa nyumbani kwake katika mji wa Angeles, jimboni Pampanga, kwa kisingizio cha upelelezi wa madawa ya kulevya. Aliuawa ndani ya Camp Crame, makao makuu ya polisi wa taifa. Mkewe, akidhani yu hai, alilipa fedha nyingi za fidia. Habari zilipojulikana Januari 2017, mkuu wa polisi alisimamisha kwa muda vikosi vilivyokuwa vikipambana na madawa, ili polisi wajisafishe kwanza wao wenyewe. Mahakama baadaye zikawatia hatiani baadhi ya wahusika.

Wakati huo rais alikuwa Rodrigo Duterte, aliyeshika madaraka tarehe 30 Juni 2016 na kuanzisha vita vikali juu ya madawa. Kwa hesabu ya serikali yenyewe watu zaidi ya 6,000 waliuawa katika misako ya polisi. Tarehe 5 Februari 2017 barua ya maaskofu wa Ufilipino ilisomwa makanisani, ikilaumu mauaji hayo, na kuwalaumu pia waliokaa kimya bila kujali. Duterte alikamatwa Machi 2025 na kupelekwa The Hague katika Mahakama ya Kimataifa ya Jinai. Na hapa pana jambo la kushangaza kidogo: Mendoza yule yule aliyetuonyesha gari la Kap ndiye aliyeongoza matangazo ya televisheni ya hotuba za Duterte mbele ya bunge, mwaka 2016 na mwaka 2017. Simhukumu, kila mtu ana sababu zake. Nalitaja kwa kuwa laonyesha kwamba kuuona ugonjwa kwa macho makali katika sanaa si kinga kwa yeyote, wala kwa mwandishi wa makala kama hii.

Sasa, je, picha hii itazamwe? Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati Inter Mirifica ya tarehe 4 Desemba 1963, ulifundisha kwamba kuonyesha uovu kwaweza kumsaidia mtu amjue binadamu kwa undani na auone uzuri wa wema, lakini kuonyesha huko kuwe chini ya sheria ya maadili, hasa pale panapohitaji staha. Kwa kipimo hicho mimi nasema: kwa watoto, hapana kabisa. Kwa kijana ambaye bado yu chini ya mikono ya wazazi, hapana pia. Yale yafanyikayo katika nyumba ile yamepita kiasi cha kufundisha, na sehemu moja ya jicho la mtazamaji huzoea, jambo ambalo ni kinyume cha kusudi. Mwongozaji angaliweza kutuacha nje ya mlango pamoja na Peping, tukasikia. Mtu mzima, mwalimu au mlezi wa vijana, aweza kuifikiria kwa ajili ya kazi yake. Wengine yawatosha kujua habari zake na kuzizungumza. Wala tusijidanganye kwamba kuizuia sebuleni kwatosha, maana simu i mkononi mwa kila kijana, na humo mna mabaya kuliko hayo yasiyo na swali lolote la dhamiri ndani yake.

Limebaki la asubuhi. Kap na watu wake wamekwisha tupa mifuko. Wala chakula, na Peping tumbo lake lakataa. Kisha aachiliwa, achukua teksi aende nyumbani. Njiani gurudumu la teksi lapasuka. Dereva ashuka kulibadili, na Peping yuko kando ya barabara katika nuru ya asubuhi, akingoja. Nyumbani Cecille amembeba mtoto, apika. Picha yaisha hapo, kabla hajafika.

Wengi huuliza kama Peping atapata msamaha. Kwa Mungu, akitubu kwa kweli, hakuna dhambi isiyosameheka. Hilo Kanisa halijapata kulitilia shaka. Lakini toba ina deni lake. Madonna ana watu wake mahali fulani, nao hawajui aliko. Mifuko imetupwa pande mbalimbali, na mmoja wa wachache wanaojua ni kapi ni kijana huyu. Haki yamtaka aseme. Amwambie nani, iwapo wa kuambiwa ndio waliokuwa garini? Hakimu aliyemfungisha ndoa jana yake ni mmoja. Mwalimu wa darasa la jinai ni mwingine. Padre wa parokia hawezi kutoa siri ya maungamo, lakini nje ya maungamo aweza kwenda naye kwa mkono mpaka kwa mtu anayestahili. Na kabla ya hao wote yupo Cecille, ambaye atamwuliza alikuwa wapi.